Maji Hufuata Chumvi: Utumbo Wangu na Siku Nne za Kuharisha

Siku ya kwanza nilikunywa maji tu. Ukiharisha hicho ndo kitu kila mtu anakwambia, kunywa maji mengi, basi nikawa nashusha glasi baada ya glasi, na kila nikimaliza haipiti muda nakimbilia chooni, naona kama ni yaleyale maji yamepita moja kwa moja bila kusimama popote. Siku ya pili midomo imekauka, nikisimama naona giza, mkojo umekuwa kidogo na rangi yake imekolea, na maji bado nakunywa. Hapo ndo nilipochanganyikiwa. Maji yako tumboni, mwili unalilia maji, sasa yanashindwa wapi kukutana?

Jirani yangu ni nesi. Alipokuja kuniona hakuuliza mengi, aliniangalia macho, akanivuta ngozi kidogo na kuiachia, akauliza mara ya mwisho nimekojoa saa ngapi, alafu akafungua pakiti ya ORS, ule unga wa chumvi na sukari wa kurudisha maji mwilini, akaikoroga kwenye lita moja ya maji safi. Akasema nisigide, ninywe taratibu, na kila nikitoka chooni ninywe tena. Nikamwambia dada, mimi maji nimekunywa tangu jana sijaacha. Akanijibu, "Umekunywa maji, lakini hujayapa mlango wa kuingilia."

Ile kauli iligoma kutoka kichwani. Nilipopata nguvu ya kukaa na simu mkononi nilianza kusoma, na nimeendelea kusoma kwa miezi, vitabu vya biolojia ya shule, vitabu vya wanafunzi wa udaktari, chochote nilichokipata kuhusu jinsi utumbo unavyofyonza maji na virutubisho. Naandika hapa kwa sababu naamini watu wengi tuna picha isiyo sahihi kichwani. Tunadhani utumbo ni bomba, chakula kinaingia huku, kinachofaa kinachujwa, kisichofaa kinatoka kule. Siyo hivyo kabisa, na tofauti hiyo inaweza kuokoa maisha ya mtoto.

Anza na hesabu. Kwa siku mtu mzima anaingiza mdomoni kama lita 2 za maji, ukijumlisha vinywaji na maji yaliyomo ndani ya chakula. Lakini utumbo mwembamba haupokei lita 2, unapokea kati ya lita 8 na 9. Zingine zote zinatoka wapi? Zinatoka kwako mwenyewe. Mate peke yake ni kama lita moja na nusu, tumbo linamwaga majimaji yenye asidi kama lita 2, ini linaleta nyongo nusu lita au zaidi, kongosho inaleta kama lita moja na nusu ya majimaji ya kuzima ile asidi na kubeba vimeng'enya, na ukuta wa utumbo wenyewe unachangia lita moja hivi. Sasa fikiria, damu yote mwilini ni kama lita 5, na sehemu ya majimaji ya hiyo damu ni kama lita 3 tu. Yaani kila siku mwili unamwaga ndani ya njia ya chakula maji zaidi ya mara mbili ya majimaji yaliyopo kwenye damu, kwa matumaini kwamba yatarudi. Na yanarudi. Mtu mwenye afya anatoa kwenye kinyesi mililita 100 hadi 200 tu.

Nilivyoona hiyo hesabu niliiweka simu chini kidogo. Kwa hiyo yale maji niliyokuwa nayaona yakinitoka hayakuwa ya glasi peke yake, mengi yalikuwa yangu, yametoka kwenye damu yangu, ni mkopo ambao mwili uliutoa kwa ajili ya kumeng'enya chakula na haukulipwa. Ndo maana mtu anayeharisha sana hata kama hali wala hanywi bado anaendelea kutoa maji, na ndo maana mtoto mdogo mwenye damu kidogo anaweza kuishiwa ndani ya masaa machache tu. Kosa la kumnyima mtu vinywaji ili choo kipungue, ambalo bado watu wanalifanya, linatokana na hii picha ya bomba.

Mwili unafanya hivyo kwa sababu vimeng'enya vinafanya kazi ndani ya maji. Chakula kinachotoka tumboni ni uji mzito wenye asidi kali, na ukiingia kwenye utumbo mwembamba hivihivi utaunguza ukuta, lazima uzimwe, ulainishwe, kila kipande kifikiwe na vimeng'enya vya kuvunja wanga kuwa sukari ndogondogo, protini kuwa asidi amino na vipande vifupi, mafuta kuwa chembechembe zinazoweza kubebwa. Bila maji hakuna lolote kati ya hayo.

Sasa ukuta wenyewe. Utumbo mwembamba ni mrefu, mita kadhaa, kwa mtu aliyefariki unapimwa mita 6 hivi kwa sababu misuli imelegea, kwa mtu aliye hai ni mfupi zaidi. Lakini urefu siyo siri yake kubwa, siri ni mikunjo. Ndani una mikunjo mikubwa unayoweza kuiona kwa macho, juu ya hiyo mikunjo kuna vidole vidogo sana vinavyoitwa vili, kila kimoja kina urefu wa nusu milimita hadi milimita moja, vimesongamana kama nyuzi za taulo, na juu ya kila seli ya kila kidole kuna vijinywele vingine vidogo kabisa, maikrovili, visivyoonekana ila kwa hadubini yenye nguvu sana. Vitabu vingi vilikuwa vinasema ukikunjua vyote unapata eneo la uwanja wa tenisi, na hata mimi nilifundishwa hivyo, ila mwaka 2014 watafiti wawili wa Sweden walipima upya wakapata kama mita za mraba 32 kwa njia nzima ya chakula, karibu zote zikiwa za utumbo mwembamba. Ni kama nusu ya uwanja wa badminton. Mimi bado naona ni maajabu, mita za mraba 30 zimekunjwa zikaingia ndani ya tumbo la mtu na bado akafunga mkanda.

Ndani ya kila kidole kuna mishipa midogo ya damu na katikati kuna mshipa mmoja wa limfu, yale majimaji ya mwili yanayopita kwenye mishipa yake tofauti na ya damu. Na seli zinazofunika kile kidole zina maisha mafupi sana, zinazaliwa chini kwenye vishimo vilivyopo kati ya vidole, zinapanda taratibu kwenda juu zikikomaa, na baada ya siku 3 hadi 5 zinafika kileleni zinadondoka na kumeng'enywa kama chakula kingine. Kwa hiyo karibu kila wiki una ngozi mpya ya utumbo. Hili lina maana kubwa kwa mtu anayeumwa, kwa sababu vimelea vingi vya kuharisha huwa vinaharibu zile seli za juu zilizokomaa, zile zinazofyonza, huku chini kiwanda kinaendelea kuzalisha, kinachohitajika ni mwili kubaki hai hadi zamu mpya ifike.

Nije kwenye ule mlango alioutaja jirani yangu, maana hapa ndo kiini cha habari yote na nitakaa hapa kidogo.

Maji hayana pampu yake. Hakuna mahali popote mwilini ambapo kuna mashine inayokamata maji na kuyasukuma. Maji yanakwenda pale kwenye chumvi nyingi zaidi au sukari nyingi zaidi, ndo ile osimosisi tuliyokariri shuleni kwa ajili ya mtihani. Kwa hiyo utumbo ukitaka maji yaingie unasogeza kwanza chumvi, hasa sodiamu, na maji yanafuata nyuma. Upande wa nyuma wa kila seli, ule ulioelekea damu, kuna pampu zinazotumia nguvu muda wote kutoa sodiamu nje ya seli, tatu zinatoka, potasiamu mbili zinaingia, tena na tena. Matokeo yake ndani ya seli sodiamu inakuwa chache, na ile iliyopo upande wa chakula inatamani kuingia. Ila haiwezi kupenya tu, inahitaji mlango. Na mmoja wa milango mikubwa kabisa una masharti, haufunguki kwa sodiamu peke yake wala kwa sukari peke yake, lazima ziingie pamoja, sodiamu mbili na glukosi moja, zinakaa kwenye nafasi zao, mlango unageuka, zinaingia ndani. Kisha glukosi inatokea upande wa nyuma kwenda kwenye damu, sodiamu inatolewa na ile pampu, na maji yanakuja nyuma yao, mengine yakipita kwenye vinafasi kati ya seli na seli.

Soma tena hapo juu alafu fikiria mtu anayeharisha anakunywa maji matupu. Chumvi imeshamtoka kwa wingi, sukari hakuna kwa sababu hali, ule mlango umefungwa. Maji yanakaa ndani ya utumbo yakisubiri kitu cha kufuata. Na hata yale kidogo yanayofanikiwa kuingia yanazidi kuizimua damu ambayo chumvi yake imeshapungua, jambo ambalo likizidi ni hatari, ubongo haupendi kabisa sodiamu ikishuka. Ndo hapo nilipokuwa mimi siku ya pili.

Mtu aliyeeleza wazo la huu mlango wa pamoja ni mwanabiokemia wa Marekani anaitwa Robert Crane, aliliwasilisha kwenye mkutano Prague mwezi Agosti 1960. Yeye alikuwa anauliza swali la kawaida la maabara, sukari inaingiaje ndani ya seli. Lakini jibu lake likakutana na ugonjwa wa kutisha. Sumu ya kipindupindu inafanya kazi kwa kuacha mageti ya kloridi, ile sehemu nyingine ya chumvi, wazi kwenye seli za utumbo, kloridi inamwagika ndani ya utumbo, sodiamu inaifuata, maji yanafuata, mtu mzima anaweza kupoteza lita nyingi kwa siku moja. Ila, na hapa ndo kwenye bahati ya binadamu, ile sumu haigusi mlango wa sodiamu na glukosi. Geti la kutokea limevunjika lakini mlango wa kuingilia ni mzima. Ukimpa mgonjwa maji yenye chumvi na glukosi kwa kipimo sahihi, anafyonza huku anaharisha.

Mwaka 1968 watafiti waliokuwa Dhaka walionyesha kwamba wagonjwa wa kipindupindu wanaweza kutibiwa hivyo kwa kunywa na mahitaji ya dripu yakapungua sana. Alafu ikaja 1971, vita ya kuzaliwa Bangladesh, wakimbizi kwa mamilioni wakavuka kuingia India, kipindupindu kikalipuka kambini. Daktari Dilip Mahalanabis alikuwa Bangaon, karibu na mpaka, dripu zikaanza kuisha, watu wamelala sakafuni. Akaamua kuchanganya chumvi, baking soda na glukosi kwenye maji, wakawapa ndugu wa wagonjwa wawanyweshe wenyewe. Vifo vilikuwa karibu asilimia 30 vikashuka chini ya asilimia 4. Nimesoma habari hii mara nyingi na kila mara napata uzito kifuani, kwa sababu hakuna mashine mpya iliyoletwa pale, kilicholetwa ni uelewa wa jinsi utumbo unavyofyonza, ukawekwa kwenye kikombe na mama akakishika kikombe akamnywesha mwanae.

Ile pakiti niliyopewa mimi ni mtoto wa kazi hiyo. Kwa lita moja ina chumvi gramu 2.6, glukosi gramu 13.5, na kidogo cha potasiamu na sitrati. Ukipiga hesabu ya kemia, sodiamu na glukosi zinalingana kwa idadi ya chembe, siyo kwa gramu, na mchanganyiko mzima ni mwepesi kidogo kuliko damu, ili maji yavutwe kwenda kwenye damu na siyo kinyume chake. Ndo maana soda na juisi siyo mbadala, zina sukari nyingi mno na chumvi karibu hakuna, ile sukari ya ziada inabaki ndani ya utumbo inavuta maji kutoka kwenye damu na unaharisha zaidi. Ndo maana pia usipunguze maji ili ikolee ukidhani itafanya kazi haraka, pakiti ya lita moja inataka lita moja. Pakiti ikikosekana kabisa, vijiko vidogo 6 vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi, vyote sawasawa na ukingo, kwenye lita moja ya maji safi, na chumvi isizidi hapo hata kidogo. Mtoto aendelee kunyonya, aendelee kula, na watoto wanapewa zinki kwa siku 10 hadi 14. Akilegea sana, macho yamezama, hawezi kunywa, anatapika kila kitu au choo kina damu, hapo usikae nyumbani na kikombe, mpeleke hospitali.

Basi, sukari na chumvi ndo nilizoanza nazo, lakini nikajikuta nimeingia kwenye mafuta, na mafuta yana njia yake kabisa. Asidi amino na sukari zinaingia kwenye mishipa midogo ya damu ya kile kidole, zinakusanyika kwenye mshipa mmoja mkubwa unaokwenda moja kwa moja kwenye ini, ini linakagua kwanza kila kitu kabla hakijasambaa. Mafuta hayapiti huko. Yanavunjwa, yanabebwa na chumvi za nyongo hadi ukingoni mwa seli, yanaingia, na ndani ya seli yanaunganishwa upya na kufungwa kwenye vifurushi vyenye ganda la protini. Hivyo vifurushi ni vikubwa mno kuingia kwenye mishipa ya damu ya pale, kwa hiyo vinaingia kwenye ule mshipa wa limfu katikati ya kidole, vinapanda hadi kifuani, vinakuja kumwagwa kwenye damu karibu na bega la kushoto. Yaani mafuta ya chakula chako yanaingia kwenye damu juu, jirani na shingo, wakati sukari ya sahani hiyohiyo inaingilia chini kwenye ini.

Mtu anayetajwa kuigundua hiyo mishipa ya limfu ya utumbo ni Gaspare Aselli, daktari wa Italia, mwaka 1622, alipomfungua mbwa aliyekuwa ametoka kula akakuta nyuzi nyeupe zimetapakaa tumboni, akachoma mmoja yakatoka majimaji meupe kama maziwa. Angemfungua mbwa mwenye njaa asingeona chochote, mishipa ingekuwa mitupu haina rangi. Napenda sana hiyo habari.

Na kila kipande cha utumbo kina kazi yake, siyo kwamba kila kitu kinafyonzwa popote. Madini ya chuma mengi yanaingia mwanzoni kabisa, kwenye kipande cha kwanza baada ya tumbo ambacho urefu wake ni sentimita 25 hivi. Vitamini B12 inasafiri hadi mwisho wa utumbo mwembamba ikiwa imeshikwa mkono na protini iliyotengenezwa tumboni, na hapo hapo mwishoni ndo chumvi za nyongo zinakusanywa kurudishwa kwenye ini, karibu asilimia 95 zinarudi kutumika tena. Mtu aliyekatwa kile kipande cha mwisho anahitaji kuangaliwa B12 yake maisha yote, hata kama utumbo uliobaki ni mrefu.

Ndani ya masaa machache uji unafika kwenye utumbo mpana ukiwa umebaki na lita moja na nusu hivi ya maji. Utumbo mpana una urefu wa mita moja na nusu, hauna vili, na nilikuwa nikiudharau kwa kuuona kama ghala la uchafu. Kumbe huku kazi ni ya subira. Chakula kinakaa siku nzima, saa zingine zaidi, na muda wote huo seli zinavuta sodiamu ya mwisho mwisho, tena mwili ukiwa na upungufu wa maji homoni inatoka juu ya figo kuja kuziambia zivute kwa nguvu zaidi. Ukikawia sana kwenda chooni kinyesi kinakuwa kigumu kwa sababu hiyo tu, maji yameendelea kuvutwa. Na humo wanaishi bakteria kwa matrilioni, wanakula nyuzinyuzi za mboga na nafaka ambazo sisi hatuna vimeng'enya vya kuzivunja, wanatoa asidi fupi za mafuta, na seli za utumbo mpana zinazitumia hizo asidi kama chakula chao kikuu. Zikifyonzwa zinavuta sodiamu na maji pia. Kwa hiyo hata nyuzinyuzi tunazoambiwa ni makapi zina mchango kwenye kurudisha maji.

Ile siku ya pili jioni, baada ya lita ya kwanza ya ORS, nilikojoa. Sikuacha kuharisha, na jirani yangu alishanionya kwamba ORS haikuja kuzuia choo, imekuja kurudisha maji wakati seli mpya zinapanda. Siku ya tatu niliweza kukaa, njaa ikarudi, nikala kidogo kidogo, maziwa niliyaacha kwa muda kwa sababu kimeng'enya cha kuvunja sukari yake kinakaa palepale kwenye vilele vilivyoharibika. Siku ya nne asubuhi choo kilikuwa na umbo. Nilisimama pale nikafikiria zile lita 8 na ushee zilizoshuka na kupandishwa tena usiku na mchana, na zilizobaki ni kijikombe tu.